Nnaalongo Nyuma ya Pazia

Watu wakija saluni kwangu hapa Nansana wakaanza kusimulia mateso ya karantini, mimi hunyamaza nikaendelea kunyoa. Kila mtu ana lake. Huyu alifungiwa na wake wawili, yule alikula mihogo asubuhi, mchana na jioni mpaka akawachukia wakulima. Wakimaliza ndipo nawaambia: "Mimi nilifungiwa na mama mkwe." Hapo hata redio inapunguzwa sauti. Mwanamume wa Kiganda, vyumba viwili, na mama mkwe wake ndani! Kuna mzee mmoja aliinuka kitini na nusu ya kichwa haijanyolewa, akaniuliza kama mikono yangu haitetemeki, maana wembe ulikuwa shingoni mwake.

Kwetu mama mkwe haguswi. Humpi mkono, huli naye sinia moja, hulali alipolala, na mkikutana njiani mmoja wenu anajitupa migombani. Ukivunja hayo unapata buko. Mikono inatetemeka kama ya mlevi wa asubuhi, na kinyozi mwenye mikono hiyo afadhali akauze nyanya. Kwa hiyo miaka yote ya ndoa yangu nilimjua Nnaalongo kwa mgongo na kwa kikohozi tu. Uso wake niliuona siku ya kujitambulisha kwao, tena kwa kuibia.

Nnaalongo ni cheo, si jina. Ndivyo aitwavyo aliyezaa pacha, na baba yao anaitwa Ssaalongo. Mke wangu Nakato ndiye pacha wa pili. Wa kwanza, Babirye, yuko Muscat anafanya kazi za ndani. Jina la mama mkwe alilopewa na babake sijawahi kulitamka na sitaanza leo kwa sababu ya hadithi.

Siku ile alikuja na basi la Masaka, na mkungu wa matoke na kuku wawili waliofungwa miguu, kumwona mjukuu wake Kirabo. Mpango wake ulikuwa mzuri. Anywe chai, amkague mtoto, amgombeze binti yake kwa kukonda, kisha akalale kwa dada yake kule Ndeeba, na kesho arudi nyumbani Kyambazi kwa mume wake. Mvua ikamchelewesha. Jioni ile ile ikatangazwa kwenye televisheni kwamba kuanzia saa hiyo hakuna teksi, hakuna basi, hakuna boda ya kubeba mtu. Dada wa Ndeeba naye akapiga simu kusema ana kikohozi. Siku zile mtu akikuambia ana kikohozi ulikuwa unaisogeza simu mbali na sikio.

Mimi nilifika nyumbani kwa miguu, nimeloa, nikamkuta Nakato amesimama mlangoni kama askari.

"Baba Kirabo, usiingie."

"Hee! Hii si nyumba ninayoilipia mimi?"

"Mama yumo."

"Mama yupi?"

"Mama yangu! Yumo chumbani."

Nikakaa kizingitini. Nilidhani ni usiku mmoja. Nikasema, aa, usiku mmoja mtu anavumilia.

Hebu niwaeleze tulivyolala, mcheke, maana sasa hata mimi nacheka. Nyumba ni sebule na chumba, katikati pazia. Nnaalongo alipewa chumba. Lakini kitandani hakuweza kulala, kwa kuwa ni kitanda nilicholalia mimi. Akatandika mkeka sakafuni. Nakato hakuweza kulala kitandani juu ya kichwa cha mama yake, akashuka mkekani naye. Mimi sikuweza kuingia chumba alimolala mama mkwe, nikajikunja kwenye kochi la watu wawili, miguu nje. Kitanda changu cha mninga, nilichokinunua kwa jasho la vichwa vya watu, akakilalia Kirabo peke yake, mtoto wa miaka mitatu, amejinyoosha katikati kama mfalme. Mpaka leo anakiita kitanda chake.

Kutoka nje nako kulikuwa na utaratibu. Choo ni kimoja cha safu nzima. Nikitaka kwenda nilipiga mluzi kwanza, naye akisikia anarudi chumbani. Akitaka kwenda yeye alikohoa mara mbili, nami nageukia ukuta. Majirani wakanipa jina la Treni. "Treni hiyo inapita, mpisheni Nnaalongo!" Mama Shamim wa mlango wa pili ndiye aliyelianzisha, kabla hajahamia sokoni kulala huko na mboga zake kama wauzaji wa sokoni walivyoamriwa na serikali. Nilikasirika wiki ya kwanza. Baadaye nikawa napiga mluzi mrefu makusudi.

Lakini Nnaalongo hakuwa anacheka. Usiku nilimsikia akigeuka mkekani, akihema. Nikamuuliza Nakato, mama ana nini? Akaniambia, ni baba.

Ssaalongo alikuwa peke yake Kyambazi. Macho yake yalikwisha kuzimika, na alikuwa na sukari. Binti aliyekuwa akiwasaidia alichukuliwa na wazazi wake shule zilipofungwa. Na mzee yule, wacha nimseme, ni mbishi kupita kiasi. Anaogopa sumu. Tangu alipougua tumbo zamani baada ya karamu fulani, aliapa kwamba chakula kisichopita mkononi mwa mke wake hakitapita kooni mwake. Na dawa ya sukari ukiimeza bila kula, inakuangusha. Nnaalongo alijua hivyo, daktari alimweleza. Alikuwa ameacha chakula cha siku mbili ndani ya majani ya migomba. Siku mbili zilikwisha, ya tatu na ya nne zikafuata, na mzee anaishi kwa ndizi mbivu alizopapasa mwenyewe stoo.

"Atakufa," alikuwa akimwambia Nakato. "Atakufa kwa ubishi, na mimi nimekaa hapa kama mkungu uliosahaulika sokoni."

Siku moja Nakato amekwenda kuchota maji, simu yangu ikalia. Namba ya Nnaalongo. Nikashangaa, maana mwenye namba yuko hatua chache kutoka kwenye kochi langu.

"Alo, mkwe? Uko wapi?"

"Niko sebuleni, nnyabo," nikasema, ndivyo tunavyomwita mama kwa heshima.

"Aa. Mimi niko chumbani."

"Najua, nnyabo."

"Wazee walikataza tusishikane mikono. Simu hawakuitaja."

Nikajikuta nacheka. Sauti yake naisikia mara mbili, simuni na nyuma ya pazia. Tuliongea mpaka Nakato akarudi na madumu yake, akasimama mlangoni akitutazama, mmoja huku na mwenzake kule, kila mtu na simu sikioni. Akasema sisi sote tumeshikwa na wazimu wa karantini.

Katika mazungumzo hayo nilimwambia kwamba niko kwenye kundi la wasapu la watu wa Kyambazi. Kundi lenyewe lilikuwa la ugomvi wa mpira na kuombana michango ya harusi. Nikamwambia aseme tu haja yake, sauti yake itawafikia wote, wa kijijini na wa ng'ambo. Nakato akampelekea simu, akambonyezea pa kurekodi, mimi nikiwa nje.

Sasa kosa lilikuwa langu. Sikumweleza kwamba hakuna mtu atakayemjibu papo hapo. Na Mganda wa umri wake hawezi kusema shida kabla ya salamu. Basi Nnaalongo akaanza. "Mmeamkaje huko, nyie?" Akangoja. Kimya. "Eee," akaitikia mwenyewe, kwa aibu ya kuachwa hewani. "Za nyumbani?" Kimya. "Mmm. Watoto?" Kimya. "Eee. Poleni na hii shida iliyotukuta." Kimya kirefu. "Mmm. Poleni tena. Alo? Alo? Nakato, mbona watu wenyewe hawana adabu?" Hapo anasikika Nakato akicheka mpaka analia, na Nnaalongo anamwambia acha ujinga, kisha ndipo anasema shida yake: mume wangu ni kipofu, hali, anakufa, nani yuko karibu anisaidie.

Ujumbe ukaenda hivyo hivyo, na Nakato akicheka ndani. Nikasema basi, tumeaibika.

Wewe! Kabla chai haijachemka simu ilikuwa inalia mfululizo. Wa kwanza alikuwa kijana wa Boston, sauti nzito: "Tumeamka salama, Nnaalongo. Eee. Za nyumbani nzuri, sijui zako. Mmm." Amejibu kila pengo! Akafuata mwanamke wa London, akafuata Babirye kutoka Muscat akilia na kusalimia kwa pamoja, akafuata mtu wa Mbarara asiye hata wa kijiji kile, ametumiwa na rafiki yake. Watu walikuwa wamefungiwa vyumbani nchi za watu, hawajasikia salamu ya namna hiyo tangu bibi zao wafe. Kila mmoja alijibu salamu yote, kipande kwa kipande, na kuongeza ya kwake.

Na salamu haiachwi bila kuitikiwa. Nnaalongo aliwajibu wote. Mmoja mmoja. Siku nzima, kesho yake nayo, bando langu likaisha kama maji kwenye chujio. Nilipoandika kwenye kundi kwamba jamani nimefilisika, watu wakanitumia bando mpaka simu ikaniambia nimepitiliza. Tuliokuwa tukitukanana kwa ajili ya mpira! Aliyewahi kuniita kichwa cha jogoo ndiye aliyetuma la kwanza. Muuguzi mmoja wa London akaanza kumweleza Nnaalongo mambo ya sukari, chakula gani kabla ya dawa na kipi baada ya dawa, taratibu, bila kuringa.

Tatizo ni kwamba wote wenye huruma walikuwa mbali. Mpaka siku ya tatu ukaja ujumbe mfupi wa mtu ambaye hajawahi kusema neno kwenye kundi lile: "Mimi niko hapa jirani. Lakini Nnaalongo anajua mzee hawezi kunikubali."

Alikuwa Bbosa.

Nakato alipomsomea mama yake, Nnaalongo akamwambia asome tena. Bbosa na Ssaalongo walipakana mashamba. Waligombea miti ya mpaka, ikang'olewa ikapandwa ikang'olewa tena, wakafikishana kwa mwenyekiti wa kijiji, na tangu hapo hawakusalimiana. Huko kwetu kutosalimiana ni karibu sawa na kuuana. Wakikutana kanisani mmoja anatazama dari.

Nnaalongo akanipigia simu. "Mkwe, unaonaje?"

"Naona mtu ana njaa, nnyabo."

"Bbosa hana sumu. Ana kelele tu."

"Basi asitoe kelele," nikasema. "Aje na simu, aiweke sikioni kwa mzee, wewe uongee, yeye anyamaze."

Na ndivyo tulivyofanya. Mke wa Bbosa alipika, Bbosa alibeba, akaingia bila neno na kuishika simu. Nnaalongo alimwambia mume wake kwamba chakula kinaletwa na mtoto fulani mwema, bubu, na kwamba yeye mwenyewe ndiye anayesimamia upishi kwa simu, jambo ambalo lilikuwa kweli, maana alimwelekeza mke wa Bbosa mpaka chumvi. Mzee akauliza, una hakika? Akajibiwa, mimi ndiye niliyesema kitiwe nini, sasa fungua mdomo. Akafungua. Nilikuwa nje dirishani nikamsikia akitafuna kutoka Kyambazi. Nakwambia ukweli, sijawahi kufurahia sauti ya mtu anayetafuna.

Baada ya hapo zikaja siku ambazo nazikumbuka mpaka moyo unauma. Saluni imefungwa, mfukoni hamna kitu, tunakula matoke na maharage, maharage na matoke. Asubuhi Nnaalongo anasuka mkeka kwa kamba za plastiki za kufungia mizigo, kwa kuwa ukindu haukupatikana, na Kirabo anamchanganyia rangi. Mchana ananipigia simu kutoka chumbani. Alinisimulia Ssaalongo alivyokuwa mchuuzi wa kahawa kwa baiskeli, kijana wa kiburi, alivyopita mbele ya nyumba yao mara saba akijifanya mnyororo umekatika. "Na mnyororo mzima, mkwe, unang'aa! Nilimwona akiutoa mwenyewe kwa mikono yake!" Aliniuliza habari za wateja wangu. Alitaka kujua kwa nini vijana wananyoa pembeni na kuacha katikati, kama wamekatishwa kazi. Mama yangu alikufa nikiwa sijaanza shule, baba akaoa mtu wa kelele. Nilikuwa na umri wa mwanamume mzima, sijawahi kuongea na mama kwa kirefu hata siku moja, na sikujua kama ni kitu kinachokosekana. Nilikijua pale kwenye kochi.

Jioni ilikuwa ya Ssaalongo. Simu yangu kufikia hapo ilikuwa imechakaa kwa salamu, tundu la chaji limelegea, na mafundi wamefungiwa kama sisi. Bila umeme haikai hata dakika, na hata kwenye umeme lazima mtu akunje waya kwa kidole gumba na kuukandamiza, kazi ambayo Nnaalongo hakuiweza. Soketi iko sebuleni. Kwa hiyo jioni mimi nilitoka nje, Nnaalongo akaja sebuleni, Nakato akashika waya, na mzee akala. Watu wa kundi walikuwa wanangoja. Nikiandika "amekula," yanaanza kumiminika makofi na vigelegele kutoka nchi ambazo hata siwezi kuzitamka.

Halafu Kirabo akapata homa. Nakato akamfunga mgongoni akaenda naye zahanati kwa miguu, akachukua kitochi, kile kisimu kidogo cha mama yake, tuweze kumpata. Jioni ikafika hajarudi. Simu ikalia, nikaukandamiza waya. Bbosa alikuwa analia, mtu mzima.

"Mukiibi, mpe Nnaalongo haraka! Amekataa!"

"Kakataa nini?"

"Kula! Mchana nilipiga chafya. Akasema, hii chafya ni ya Bbosa. Akafunga mdomo. Dawa alikwisha kunywa asubuhi, na tangu asubuhi hajala. Sasa anatoka jasho, maneno yake hayaeleweki. Mpe Nnaalongo!"

Nikaitazama simu, nikautazama waya, nikalitazama pazia. Nilijaribu kuufunga waya kwa mpira wa kufungia pesa, simu ikazimika. Nikaukandamiza tena, ikawaka, Bbosa akapiga tena. Mama Shamim yuko sokoni. Wale wa mlango wa mbele walikuwa hawamfungulii mtu, na sauti ya kutoka chumbani simu ile haikuikamata. Nikaita, "Nnyabo."

"Nimesikia, mkwe."

"Nakato hayupo."

"Najua hayupo."

Simuni Bbosa anaita, Ssaalongo, Ssaalongo, na hakuna anayeitika.

Pazia likafunguka. Mimi nikafumba macho. Nilisikia miguu yake ikija, ile yenye goti bovu, nikasikia akishuka sakafuni taratibu akiguna, na bega lake likagusa bega langu, kwa kuwa waya ni mfupi na hakuna namna nyingine. Akaichukua simu, na kidole changu kikiwa kwenye waya, mkono wake ukawa juu ya mkono wangu. Nilikuwa natoka jasho mpaka kwenye nyayo.

"Ssaalongo!"

Kimya.

"Wewe mchuuzi wa kahawa! Nakuita!"

Ikatoka sauti ya mbali, nzito ya kulegea. "Mmenifanya mtoto. Mmenilisha mkono wa mtu aliyeng'oa miti yangu."

"Ilikuwa miti yangu," akasema Bbosa.

"Nyamaza na wewe!" Nnaalongo akamkemea, akarudi kwa mumewe. "Umekula mkono huo wiki ngapi? Kama ni sumu, ungekuwa umeoza sasa. Fungua mdomo."

"Afadhali nife na njaa yangu."

"Ufe? Ufe, mimi nikiwa huku? Nani atakufunga sanda, Bbosa? Unisikilize vizuri, mzee. Unajua niko wapi? Nimekaa chini. Nimekaa sakafuni na mkwe wako, bega kwa bega, mkono wangu juu ya mkono wake, kwa sababu yako. Mambo ambayo mama yangu hakufanya, na bibi yangu hakufanya, nimeyafanya mimi leo, kwa macho makavu. Na wewe unashindwa kufungua mdomo?"

Nilifungua jicho moja nikaona ukuta, nikalifumba tena.

"Umekaa na nani?" mzee akauliza.

"Na Mukiibi."

"Bega kwa bega?"

"Bega kwa bega."

Nikasikia anahema. Nikasikia kuku wa huko Kyambazi. Halafu akasema, "Bbosa."

"Naam, Ssaalongo."

"Lete hilo bakuli."

Tulisikia kijiko kikigonga meno. Mara ya kwanza, ya pili. Muuguzi alisema uji wa sukari kwanza akizidiwa hivyo, na Bbosa alikumbuka, Mungu ambariki. Nikahisi bega la Nnaalongo linatetemeka. Nikawaza, haya, buko hiyo imefika, hata haikusubiri. Kumbe analia.

Hapo ndipo Nakato alipoingia na mtoto mgongoni. Akatuona. Mfuko wa dawa ukamdondoka.

"Mama! Baba Kirabo! Mungu wangu, mnafanya nini?"

"Nyamaza," akasema Nnaalongo. "Baba yako anakula."

Nakato akakaa pale pale mlangoni, akasikiliza, akaanza kulia naye. Mimi sikulia. Nilikuwa nimekufa ganzi kidole.

Kwenye kundi sikuandika jinsi ilivyokuwa. Niliandika tu, amekula. Yakamiminika yale makofi. Lakini Bbosa alikuwa na mdomo wake, na kesho yake Kyambazi nzima ilijua. Mtu wa Boston akanitumia ujumbe wa sauti wa neno moja, "Mwanamume!" basi. Nilitegemea matusi na sikuyapata.

Barabara zilipofunguliwa, mabasi yakipakia nusu ya abiria, Nnaalongo akaondoka na mkeka wake wa plastiki. Siku hiyo nilikaa uani nimegeukia ukuta mpaka nikasikia mlango wa teksi. Jioni akapiga simu.

"Mkwe, nimefika. Nimempikia mwenyewe."

"Amekula, nnyabo?"

"Amekula, na bado analalamika kwamba mke wa Bbosa ananishinda kwa mchuzi wa karanga."

Wazee wale wawili walisalimiana mpaka Ssaalongo alipofariki, miaka miwili baadaye, usingizini, ameshiba. Bbosa aliwahi asubuhi kuchimba kaburi kabla hajaombwa. Mikono yangu haijatetemeka hata siku moja, njoo nikunyoe uone. Kundi la wasapu limerudi kwenye mpira, na yule jamaa ameniita tena kichwa cha jogoo.

Krismasi huwa tunakwenda Kyambazi. Nakato anaingia ndani kwa mama yake, mimi nawekewa kiti uani, mbali, na chakula naletewa na Kirabo. Nasikia kicheko cha Nnaalongo nyuma ya mlango. Mwaka jana nilishindwa kujizuia, nikatoa simu nikampigia kutoka pale kitini. Ililia ndani ya nyumba, ikalia mpaka ikakatika. Baadaye akatoka Kirabo.

"Baba, bibi anasema kama una neno umwambie mama. Anasema barabara ziko wazi."

Na ana haki. Ndivyo inavyotakiwa, na mimi ndiye wa kwanza kusema mila zifuatwe. Najua pia watu walikufa siku zile, watu walilala njaa, nisije nikatukanwa. Lakini jioni nikifunga saluni, nikifika nyumbani na pazia limefungwa upande mmoja, Mungu anisamehe, natamani watangaze tena. Siku tatu tu. Iwe mvua imemchelewesha, naye yuko kwangu.